Waya wa kebo upo ukutani miaka yote, kwa nini hauleti intaneti?

Swali la msomaji: "Naishi kwenye gorofa za zamani Upanga. Ukutani kuna waya wa kebo ya TV tangu enzi zile, kabla ya ving'amuzi tulikuwa tunaangalia filamu na mpira humo. Sasa kampuni ya faiba imekuja, wanataka kutoboa kuta, na kamati ya jengo imegawanyika. Shemeji yangu yuko Kanada anasema kwake intaneti inaingia kwa waya wa TV na inakimbia vizuri tu. Kwa nini na sisi tusitumie uliopo? Au hii faiba ni biashara ya watu?"

Dada, shemeji yako hajakudanganya. Kanada na Marekani mamilioni ya nyumba zinapata intaneti kupitia waya wa kebo ya TV, waya wa duara wenye uzi wa shaba katikati, ukiuona hauna tofauti kabisa na huo ulioko kwenu. Kwa hiyo wale wajumbe wa kamati wanaosema waya wa TV hauwezi kupitisha intaneti wamekosea, na wale wanaosema "si upo, tuutumie tu" nao hawajafika. Tatizo la kebo yenu ni kwamba ilijengwa iende upande mmoja, kutoka kwa mwenye kebo kuja kwako, basi. Na intaneti bila njia ya kurudi haipo. Hata ukifungua ukurasa wa benki tu, simu yako ndo inaanza kutuma ombi, halafu majibu yanakuja, na huko kutuma ndiko kulikokula miaka na hela nyingi sana huko kwa shemeji.

Ngoja nianzie nyuma kidogo, maana ukijua ilikotoka utaelewa na kuta zenu.

Kebo ilianza Marekani mwishoni mwa miaka ya 1940 na wala haikuanza kwa sababu watu walitaka chaneli nyingi, ilianza kwa sababu ya milima. Mahanoy City ni mji wa wachimba makaa ya mawe huko Pennsylvania, na muuza vifaa vya umeme mmoja wa pale, John Walson, TV zake dukani zilikuwa zinaonyesha chenga tupu kwa sababu mlima unakinga mawimbi yanayotoka Philadelphia. Kwa maelezo yake mwenyewe mwaka 1948 akasimamisha antena juu ya mlima akavuta waya mpaka mjini, na majirani ambao waya umewapitia wakataka na wao kuunganishwa. Mwaka huohuo upande wa pili wa nchi, Astoria jimbo la Oregon, Ed Parsons akaweka antena juu ya hoteli akanasa kituo cha Seattle na kukisambaza. Ilikuwa antena ya jamii, antena moja watu wengi. Hakuna aliyewaza kwamba siku moja mtazamaji naye atataka kurudisha kitu, na kila kifaa kilichotengenezwa kwa ajili ya kebo kwa miaka mingi baada ya hapo kilitengenezwa kwa wazo hilo.

Sasa waya wa kebo una tabia moja inabidi uijue: unapoteza nguvu vibaya sana. Huu wa kawaida wa majumbani unaitwa RG-6, hata Kariakoo ukitaja hivyo wanakupa, ukiupitishia masafa ya juu karibu na 1,000 MHz kwa mita 100 tu, kinachotokea upande wa pili hakifiki hata asilimia 1 ya nguvu uliyoingiza. Ile ya barabarani ni minene zaidi ina nafuu, lakini bado kila baada ya umbali fulani lazima uweke ampilifaya, yaani kifaa cha kukuza nguvu ya mawimbi. Na ampilifaya haijui ipi ni picha na ipi ni takataka, inakuza vyote, kwa hiyo ukizipanga kumi, ishirini kwenye mstari mmoja, wa mwisho anapata picha iliyochoka. Halafu hapa ndo penyewe: ampilifaya za zamani zinakuza kwenda mbele tu. Ukituma kitu kutoka kwako kinafika kwenye ampilifaya ya kwanza pale kwenye ngazi kinaishia hapo.

Mwaka 1975 HBO, chaneli ya kulipia ya filamu, walipoanza kurusha kwa satelaiti, kebo ikageuka, sasa watu wanailipia kwa ajili ya chaneli hata kama antena yao inanasa vizuri. Hela zikaingia, na miaka miwili tu baadaye, Desemba 1977, kampuni ya Warner wakajaribu kitu kikubwa mji wa Columbus, Ohio, wakakiita QUBE: nyumbani una rimoti yenye vitufe vya kujibu, mtangazaji anauliza swali, wewe unabonyeza, jibu lako linarudi studio kwa waya uleule. Kwa hiyo wazo la kebo ya njia mbili sio la juzi, kabla hata watu hawajawa na kompyuta nyumbani lilishajaribiwa. Lakini mafundi wakakutana na balaa ambalo mpaka leo ndo ugonjwa mkubwa wa kebo yoyote, yaani kelele za njia ya kurudi.

Hapa naomba unisikilize vizuri maana ndo jibu la swali lako. Kwenye kwenda, mwenye kebo anamimina kitu kisafi kutoka sehemu moja. Kwenye kurudi, kila nyumba inaingiza chake na vyote vinakutana kwenye waya mmoja, kama mto Msimbazi mvua ikinyesha, takataka za kila mtaa wa juu zinakuja kukutana pale Jangwani na huwezi kusema gunia hili limetoka Vingunguti au Tabata. Njia ya kurudi kwa mfumo wa Marekani ilipewa masafa ya chini, 5 mpaka 42 MHz, na huko ndiko ziliko redio za masafa mafupi, mota za blenda, taa mbovu, kila kitu. Konekta moja iliyolegea kwenye fleti moja, waya ukageuka antena, unavuta uchafu wote huo na kuupeleka juu, na mtaa mzima unakosa mtandao kwa ajili ya nyumba moja ambayo hata haijajiunga na intaneti. Ndo maana huko kwa shemeji fundi wa kebo akija anaanza kukaza konekta na kukata spliti (vigawanyio vya waya) zisizo na kazi kabla hajagusa modemu, kile kifaa cha nyumbani kinachoongea na mtandao kupitia kebo.

Dawa ilipatikana faiba, yaani uzi wa kioo unaopitisha mwanga, ilipoanza kushuka bei, mwishoni mwa miaka ya 1980 na miaka ya 1990. Badala ya kuvuta kebo ya shaba kutoka kituoni mpaka mwisho wa mji, wakapeleka faiba mpaka mtaani, pale wakaweka kisanduku cha kugeuza mwanga kuwa mawimbi ya umeme, kisanduku kimoja kinahudumia nyumba mia kadhaa au hata 2,000, na kuanzia hapo kipande cha mwisho tu ndo shaba. Ampilifaya zikapungua kutoka msururu mrefu zikabaki chache, zikawekwa mpya zenye njia mbili, na kelele za mtaa mmoja hazimgusi tena mtu wa mtaa mwingine. Ilibaki kila kiwanda cha modemu kina lugha yake, mpaka 1997 makampuni ya kebo kupitia taasisi yao ya utafiti, CableLabs, yakatoa kiwango kimoja kinaitwa DOCSIS. Nafasi ya chaneli moja ya zamani ya TV, 6 MHz, ikawa inabeba karibu 38 Mbps kwenda kwa wateja, wanagawana. DOCSIS 3.0 ya 2006 ikaruhusu kuunganisha chaneli kadhaa kwa pamoja, 3.1 ya 2013 ikalenga mpaka 10 Gbps.

Kwa hiyo shemeji akikwambia "waya wa TV", sehemu kubwa ya hiyo safari ni faiba. Na muulize kitu kimoja, spidi yake ya kupandisha faili ikoje ukilinganisha na ya kushusha. Kwa walio wengi wenye kebo kupandisha ni kudogo sana, kwa sababu ya kile kipande chembamba cha masafa kilichoachwa tangu zamani.

Sasa turudi nyumbani. Zanzibar walipata TV 1973 na tena ya rangi, sisi Bara mpaka 1994. Kufikia hapo satelaiti zilishajaa angani, mtu mwenye uwezo anafunga dishi lake anamaliza, hakukuwa na sababu ya mtu kuzungusha kebo Dar nzima kama walivyofanya wale wenye milima. Kebo zetu zilikuwa ndogo ndogo: madishi makubwa juu ya paa, chumba cha mitambo, halafu waya unaruka gorofa kwa gorofa, na zilishika pale ambapo watu wamebanana, Upanga, Kisutu, Kariakoo. Kwa kazi yake ilikuwa kazi nzuri na waliozijenga nawaheshimu, walifanya kwa hela zao na kwa vifaa vya njia moja kwa sababu ndo vilivyohitajika.

Na hata kama wangeweka ampilifaya za njia mbili, wangejaza nini humo ndani? Watu wanasahau hiki. Mpaka 2009 intaneti ya nchi ilikuwa inategemea zaidi satelaiti iliyoko kilomita 35,786 juu, ombi lipande lishuke, jibu lipande lishuke, zaidi ya nusu sekunde imekwenda hata kabla ya kitu kufunguka, na bei yake ilikuwa ya kulia. Julai 2009 ndo mkongo wa baharini wa SEACOM ukaanza kazi hapa Dar, mwaka uliofuata mkongo mwingine wa baharini, EASSy, na wakati huohuo serikali inajenga Mkongo wa Taifa unaosimamiwa na TTCL kufikisha mikoani. Lakini kufikia hapo simu zilishashinda, watu wameshazoea bando. Halafu usiku wa tarehe 31 Desemba 2012 TV ya analojia ikazimwa Dar, kila nyumba ikaingia kwenye king'amuzi, na kebo ndogo nyingi zikakosa hela ya hata kubadilisha konekta. Yaani ile siku tulipopata intaneti ya kutosha kujaza waya, waya ulishazeeka na hauna mwenyewe.

Na uzee wa Upanga una chumvi ndani yake. Nimefungua visanduku vya ngazini vya majengo ya pale kwenu, spliti imeota kutu nyeupe na ya kijani, msuko wa nje wa waya umekuwa unga, kuna viungo vimesokotwa kwa mkono vikazungushiwa solotepu. TV ya analojia ilivumilia hayo, unaona chenga kidogo unaendelea na mpira. Modemu haivumilii. Kuufanya huo uwe mtandao wa njia mbili inabidi ubadilishe ampilifaya zote, spliti zote, konekta za kila fleti, uweke na mitambo ya kebo upande wa kampuni, na ukimaliza umetumia hela inayokaribia ya faiba halafu umepata kitu kilicho chini ya faiba. Mimi siwezi kumshauri mtu yeyote hivyo.

Faiba inazidi wapi hasa? Nimekwambia waya wa RG-6 mita 100 inabaki chini ya asilimia 1. Faiba ya kawaida, mwanga ukisafiri kilomita 20, bado inabaki kama sehemu moja ya tano. Ndo tofauti yote iko hapo. Kwa sababu hiyo mfumo unaofungwa majumbani, GPON, hauhitaji kitu chochote cha umeme kati ya kituo na kwako. Faiba moja inatoka kituoni, inafika kwenye spliti ya kioo isiyotumia umeme, inagawanyika mara 32 au 64, kila nyumba uzi wake. Mwanga wa kuja ni rangi moja, wa kurudi rangi nyingine, kwenye uzi uleule, na kila nyumba inapewa zamu yake ya kutuma, blenda ya jirani haiingii humo hata akisaga usiku kucha. Kwa mji wenye mgao hili ni jambo kubwa, kebo ya shaba ampilifaya ya mtaani ikikosa umeme na betri yake ikaisha mtaa umelala, wakati kwenye faiba ukiwa na betri ndogo ya kuwasha kile kiboksi cha faiba cha ndani kwako na ruta yako we unaendelea, ilimradi kituoni wana jenereta.

Lakini msiuziwe maneno. GPON inashusha 2.488 Gbps na kupandisha 1.244 Gbps kwa wote walioko kwenye spliti hiyo. Wakiwa 64 na wote wakavuta kwa pamoja ni kama 39 Mbps kila mmoja, wakiwa 32 ni kama 78. Kwa kawaida hawavuti wote kwa pamoja hivyo sio tatizo, ila muuzaji akikwambia "hii ni ya kwako peke yako" sio kweli, muulize spliti ni ya ngapi. Na spidi ya mpaka kituoni sio spidi ya mpaka duniani. Tarehe 12 Mei 2024 EASSy na SEACOM zilikatika zote mbili huko kusini baharini na hapa nyumbani hata wenye faiba safi kabisa walikaa wanaangalia kiduara kinazunguka. Kampuni nzuri ni yenye njia zaidi ya moja za kutoka nje ya nchi, na hilo nalo ni swali la kuuliza kabla ya kusaini.

Umeuliza kama ni biashara ya watu. Ni biashara, ndiyo, ila kitu chenyewe ni cha kweli, na uzi utakaovutwa leo miaka mingi ijayo watabadilisha viboksi vya pande mbili tu, uzi utabaki uleule.

Kuhusu kuta, hapo nipo upande wa wanaobisha, msikubali kila kampuni ije na drili yake. Mkubaliane kisanduku kimoja cha spliti kwenye kila ngazi, na kampuni yoyote itakayokuja baadaye iunganishe pale. Kabla ya kutoboa, fundi aangalie huo waya wenu wa kebo unapita wapi. Kama upo ndani ya bomba na haujapigiliwa misumari, unaweza kuwa na kazi ya mwisho nzuri sana: unakatwa upande mmoja, unafungwa na uzi wa faiba kwa tepu imara, unavutwa taratibu upande wa pili, kebo inatoka na faiba inaingia, hakuna tundu jipya. Mnaanza na fleti moja kuona kama bomba halijabanwa. Mjiridhishe tu kwanza kwamba hakuna anayeutumia wala anayeumiliki, kwa barua ya kamati, isije ikawa kesi.

Kuna fleti bomba litagoma. Kwa hizo ipo njia ya kati, vifaa vinavyopitisha intaneti ndani ya kebo kwa umbali mfupi wa ndani ya jengo, teknolojia inaitwa MoCA, toleo la 2.5 linafika mpaka 2.5 Gbps. Faiba inaishia kwenye ngazi, kuanzia hapo inapita kwenye shaba kuingia ndani. Inafanya kazi, ila spliti za zamani lazima zitoke maana inatumia masafa ya juu, kuanzia 1,125 MHz, ambayo spliti hizo hazipitishi vizuri, na waya uwe mzima. Ichukueni kama dawa ya fleti mbili tatu, sio ya jengo zima.

Na siku ya kufunga, fundi akishamaliza kila fleti asiondoke kabla hajapima mwanga kwa kile kipimo cha mkononi na kuwaonyesha namba. Kati ya -15 na -25 dBm (kipimo cha nguvu ya mwanga, namba ikizidi kushuka chini ya sifuri mwanga ni hafifu zaidi) mko salama, ikikaribia -27 basi kuna sehemu uzi umekunjwa au kiungo ni kichafu, arudi akitafute siku hiyohiyo. Mziandike hizo namba zote kwenye karatasi moja ikae kwa katibu wa kamati, maana taa nyekundu ya LOS, ile ya kusema mwanga haufiki, ikiwaka miezi sita baadaye na kampuni ikaanza kuwaambia tatizo ni ruta zenu, hiyo karatasi ndo mtakayoanza nayo mazungumzo.